Kabla ya Kuziba Ufa: Kusoma Dalili za Madaraja, Mabwawa na Nyaya Zilizokosa Matunzo

Mwongozo huu ni kwa ajili ya mtu aliyekabidhiwa kitu kikubwa ambacho hakukijenga yeye: fundi wa halmashauri, mjumbe wa kamati ya maji ya kijiji, msimamizi wa gati, au mhandisi kijana aliyeletwa Kasulu au Urambo na kuonyeshwa daraja ambalo michoro yake haijulikani iko kabati gani. Nimefanya kazi ya ukaguzi kati ya Kigoma na Tabora kwa muda wa kutosha kutambua kwamba dalili zinazoletwa mezani ni zile zile, na tiba inayopendekezwa haraka nayo huwa ni ile ile, yaani mfuko wa saruji na ndoo ya maji.

Tumelelewa na methali isemayo kwamba usipoziba ufa utajenga ukuta. Kwa nyumba ya tofali za kuchoma sina ugomvi nayo, lakini kwa daraja, bwawa au tangi la juu huwa inaniogofya, kwa sababu ufa uliozibwa kabla ya kusomwa ni sawa na mgonjwa aliyemeza vidonge vya kutuliza maumivu kabla ya kupimwa damu: homa inashuka, malaria inabaki. Katika kila dalili itakayoelezwa hapa utaona kuna mahali ambapo mtu, kwa nia njema kabisa, aliziba kitu kilichotakiwa kuachwa wazi.

Umri peke yake hauangushi muundo. Reli ya Kati ilifika Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwaka 1914, na treni bado zinapita njia hiyo. Ukiondoa mzigo uliozidi, ambao nitaugusia mbele, vitu vikubwa vilivyokosa matunzo huangushwa zaidi na maji yaliyokosa njia na mwendo uliozuiwa. Kwa hiyo, kabla hujagusa dalili yoyote, jiulize maji ya mvua ya mwisho yalipita wapi, na ni sehemu gani ya muundo iliyotakiwa kusogea lakini haisogei tena.

Zege linamenyeka na nondo zinaonekana

Hii ndiyo dalili inayoletwa mara nyingi zaidi, na ndiyo inayoeleweka vibaya zaidi, kwa kuwa watu hudhani ugonjwa unaanza siku zege linapodondoka. Ukweli ni kwamba siku hiyo ugonjwa una miaka mingi.

Nondo iliyo ndani ya zege zima haishiki kutu kwa sababu saruji huizungushia mazingira ya alkali kali, yenye pH (kipimo cha asidi na alkali) kati ya 12 na 13, na katika mazingira hayo chuma hujivika utando mwembamba unaokilinda. Hewa ya kaboni dioksidi inayotoka nje hupenya polepole kupitia vitundu vya zege, inaungana na chokaa iliyomo, na pH inashuka hadi chini ya 9, hapo utando unapotea. Kina cha upenyaji huo hakiongezeki sawasawa na miaka, bali hufuata kipeuo cha pili cha muda: kama hewa ilipenya milimita 10 katika miaka kumi ya kwanza, itahitaji jumla ya miaka 40 kufikia milimita 20. Hesabu hiyo ndogo ina maana kubwa kwa fundi wa siku ya kumwaga zege, kwa sababu nondo iliyopangwa kufunikwa kwa milimita 40, ikaachwa kwenye milimita 20 kwa sababu vijiwe vya kuinyanyulia havikuwekwa, haikupoteza nusu ya umri wake. Imepoteza robo tatu.

Kutu ikishaanza huchukua nafasi kubwa kuliko chuma kilichoizaa, mara mbili hadi sita kutegemea aina ya kutu, na nafasi hiyo inatafutwa kwa kulisukuma zege nje. Kwanza unaona mstari wa kahawia unaofuata nondo, kisha ukigonga kwa nyundo ndogo unasikia mlio wa debe tupu, kisha kipande kinaanguka. Mkaguzi makini huipata dalili kwenye hatua ya mlio, wakati macho bado hayajaona kitu.

Kipimo cha kujua hewa imefika wapi ni cha bei ndogo. Bomoa kipande kidogo ili upate sura mpya ya zege, nyunyizia fenoftalini, kisha pima kwa rula: palipogeuka rangi ya waridi iliyoiva bado pana kinga, pasipobadilika kinga imekwisha. Mara ya kwanza nilipokipima kipimo hiki niliazima chupa kwa mwalimu wa kemia wa sekondari, ambaye aliniuliza kwa mashaka makubwa kama kweli madaraja nayo hufanya mtihani wa vitendo.

Kuna mahali ambapo kipimo hicho hudanganya. Ziwa Tanganyika ni la maji baridi, na wenzetu wa Kigoma hawana sababu ya kuogopa mawimbi yake kwa namna mafundi wa pwani wanavyoiogopa chumvi ya bahari. Lakini kwenye chemchemi za chumvi kama zile za Uvinza, au pale zege lilipokorogwa kwa maji ya kisima chenye magadi na chumvi, kloridi hupenya hadi kwenye nondo na kuitoboa vitundu vya kina huku fenoftalini ikiendelea kuonyesha waridi kana kwamba hakuna lolote. Hapo usiamini rangi. Fungua, utazame chuma chenyewe.

Sasa tiba. Lipu juu ya nondo yenye kutu hudhuru mara mbili. Kwanza inaficha dalili. Pili, sehemu iliyotengenezwa upya na sehemu ya zamani iliyo jirani yake hufanya kazi kama ncha mbili za betri, hivyo kutu inahamia ukingoni mwa kiraka na kwenda kasi kuliko awali. Nimekagua daraja moja la barabara ya vumbi ambalo boriti zake za pembeni zilikuwa zimepigwa lipu mara mbili katika miaka isiyofika kumi, na mara zote mbili lipu ilidondoka ikiwa imebeba vipande vya zege la zamani. Boriti za katikati, za umri ule ule na saruji ile ile, zilikuwa nzima. Tofauti ilikuwa matundu ya kumwagia maji sakafuni mwa daraja: yalikuwa yamejaa mchanga hadi majani yakaota, na yale machache yaliyokuwa wazi yalikuwa na mabomba mafupi yasiyopita ukingo wa chini wa boriti, hivyo maji yote ya masika yaliteremka yakilamba zege. Kirefusho cha bomba cha sentimita 40 kingetosha.

Kwa hiyo anza na maji. Ukishayapa njia, ondoa zege bovu mpaka upite nyuma ya nondo kwa milimita 20 hivi, sugua chuma mpaka king'ae, halafu pima kilichobaki. Nondo ya milimita 16 iliyobaki 14 inaonekana kwa macho kama haikupungua sana, lakini eneo lake limepungua kwa karibu robo, na nguvu yake vivyo hivyo. Ikifika hapo, suala si la fundi wa kiraka tena bali ni la mhandisi wa kukokotoa kama boriti bado inabeba malori yanayopita, ambayo siku hizi si yale ya wakati daraja linajengwa: gari la tumbaku au la magogo lililojazwa kupita kiasi linaweza kukifikisha mwisho kile ambacho kutu ilikuwa inakikaribia taratibu.

Kuna ufa, na kila mtu ana maoni yake

Ufa una lugha, na neno la kwanza katika lugha hiyo ni mwelekeo. Ufa ulionyooka kufuata nondo karibu kila mara ni wa kutu. Ufa wa wima katikati ya boriti, ukianzia chini, ni wa kupinda chini ya mzigo, na ukiwa mwembamba kama unywele unaweza kuwa wa kawaida kabisa, kwani zege lenye nondo hubuniwa likijulikana kwamba litapasuka kidogo. Ufa wa mshazari karibu na kiegemeo, unaopanda kuelekea katikati, ni wa kuhofiwa kuliko yote, maana boriti inayokatika kwa namna hiyo haitoi taarifa ndefu. Nyufa nyingi ndogo zinazofanana na ramani au matope yaliyokauka huweza kutokana na zege kukauka haraka, au na aina fulani za kokoto zinazopambana na alkali ya saruji na kuvimba. Uvimbe wa aina hiyo umeonekana hata katika Bwawa la Kariba, ambako umekuwa ukisumbua milango ya kufungulia maji.

Neno la pili ni kama ufa uko hai. Gundisha kipande chembamba cha kioo au bandika plasta ya jasi kukatiza ufa, andika tarehe juu yake, chora kwa penseli mstari mahali ufa ulipoishia, kisha ondoka. Kioo kikivunjika kabla ya mwezi kuisha, ufa uko hai na hakuna saruji itakayoushinda. Kikikaa mzima mwaka mzima, kiangazi na masika, unaweza kuuziba kwa utulivu ili maji yasiingie. Hapo methali inakuwa kweli.

Daraja linapiga kelele lori likipita

Madereva hulitambua daraja la namna hii kabla ya wahandisi. Kuna mshindo kwenye kiungio, zege la mwisho wa boriti limevunjika pembe, na wakati mwingine ukuta wa nyuma wa nguzo ya ukingoni umepasuka kana kwamba umesukumwa.

Umesukumwa kweli. Chuma na zege hurefuka kwa takriban sehemu 12 kwa kila milioni kwa kila nyuzi moja ya joto. Daraja la mita 100 linalopata badiliko la nyuzi 20 kati ya alfajiri ya Julai na mchana wa Oktoba linahitaji nafasi ya milimita 24. Nafasi hiyo iliachwa kwenye kiungio, na boriti ilikalishwa juu ya beringi ili iteleze au ibingirike. Baada ya miaka kumi ya vumbi, kiungio kimejaa kokoto, beringi imefunikwa udongo na kinyesi cha popo, na mara nyingi kikosi cha kukarabati barabara kimepita na kumwaga lami juu ya kiungio ili gari lisiruke. Barabara inakuwa laini. Nguvu iliyokuwa ikipotea kwenye kiungio sasa inatafuta pengine pa kwenda, nayo inakwenda kwenye zege.

Kisa ninachopenda kuwaeleza mafundi ni cha Daraja la Mto Mianus huko Connecticut, Marekani. Takriban miaka kumi kabla ya ajali, wakati wa kutengeneza upya barabara, matundu ya kutolea maji yalifunikwa. Maji yakawa yanashuka kupitia viungio na kuziosha pini na vishikizo vilivyoning'iniza kipande cha daraja. Kutu ikajijenga nyuma ya vishikizo na kuvisukuma taratibu vitoke kwenye pini zake. Tarehe 28 Juni 1983, usiku, kipande kizima kilianguka mtoni na watu watatu wakafa. Waliofunika matundu walidhani wanatengeneza barabara.

Tiba yake haina fahari yoyote: fagio, sururu ndogo, mpira mpya wa kiungio, na mtu wa kufanya hivyo kila mwaka kabla ya Novemba. Sijawahi kuona kazi ya aina hii ikizinduliwa kwa utepe.

Nguzo imeshuka kidogo, au haijashuka bado

Kwa madaraja yaliyo juu ya maji hiki ndicho kisababishi cha kutafuta kwa bidii kuliko vyote, na ndicho kisichoonekana. Mto ukiwa umejaa, maji yanayogonga nguzo hupiga mbizi mbele yake na kuzunguka miguuni kama kamba, yakichimba mchanga. Mafuriko yakipungua, mto wenyewe hulijaza tena shimo kwa tope laini. Mkaguzi anayekuja Juni anaona kitanda cha mto kiko mahali pake, anaandika kwamba hali ni nzuri, na hajui kwamba kinachoonekana ni tope lisiloweza kubeba hata mguu wa ng'ombe. Hapa aliyeziba ufa ni mto.

Mwaka 1987, tarehe 5 Aprili, daraja la kijito cha Schoharie katika jimbo la New York lilianguka kwa namna hiyo na kuua watu kumi. Misingi yake ilikuwa mifupi, juu ya udongo uliodhaniwa kuwa mgumu, na mawe makubwa yaliyowekwa kuilinda yalikuwa yamechukuliwa na mafuriko ya miaka iliyotangulia bila kurudishwa. Kazi ya kurudisha mawe ni ya siku chache.

Kwetu kuna mambo mawili ya kuzingatia. La kwanza ni tabia ya Mto Malagarasi. Ardhi oevu ya Malagarasi na Muyovosi, iliyoingizwa katika orodha ya Ramsar ya ardhi oevu muhimu duniani mwaka 2000 ikiwa ya kwanza kwa Tanzania, hupokea mafuriko na kuyaachia polepole, hivyo mto mkubwa hauji kwa ghadhabu ya siku moja kama vijito vya milimani bali hukaa umejaa kwa wiki nyingi, na nguzo inaogeshwa muda wote huo. Hata Daraja la Kikwete lililo juu ya mto huo, ambalo bado ni jipya, linastahili kuwa na vipimo vya kitanda cha mto tangu sasa, maana vipimo vya leo ndivyo vitakavyomwambia mkaguzi wa mwaka 2060 kama kuna kilichobadilika. La pili ni mchanga wa ujenzi. Ukichimbwa upande wa chini wa daraja, kitanda chote cha mto huanza kushuka kurudi nyuma kuelekea nguzo, polepole, kilomita kwa kilomita, na mchimbaji hajui kwamba koleo lake limefika kwenye msingi wa serikali.

Kipimo chake: chukua kamba yenye alama za kila nusu mita na uzito wa kilo tatu au nne, simama juu ya daraja mahali pale pale kila mwaka, shusha pande zote nne za kila nguzo, andika. Halafu wakati wa kiangazi shuka chini na nondo ndefu, uichome kwenye kitanda: inapozama bila kugoma, hapo ndipo shimo la masika lilipofika. Tiba ni mawe makubwa yaliyochaguliwa kwa kasi ya mto, au magabioni, yaani vikapu vya waya vilivyojazwa mawe, yaliyofungwa vizuri, na kukagua tena baada ya kila mafuriko. Kuongeza zege kuizunguka nguzo bila hesabu huinenepesha, na nguzo nene huchimbiwa zaidi.

Kwa reli jambo hili lina sura ndogo zaidi lakini ya hatari ile ile. Treni ikipita juu ya kalvati na mataruma yakaonekana yakidundadunda, kokoto zimeachana na udongo kwa sababu maji yanapita nje ya bomba badala ya ndani yake. Wanyapara wa magenge ya zamani, waliokuwa wakitembea kipande chao cha njia kwa miguu, walilijua hilo kwa kusikiliza.

Kuna majani mabichi chini ya tuta mwezi Septemba

Mabwawa ya udongo ni mengi Tabora kuliko Kigoma, kuanzia Igombe na Kazima yaliyouhudumia mji hadi malambo ya vijiji yasiyo na jina kwenye ramani, na mengi yana tabia moja: yanaonekana kama sehemu ya nchi, kama kilima, mpaka mtu anasahau kwamba ni mtambo.

Nilifika kwenye lambo moja la kijiji kukagua tangi la kunyweshea mifugo, na mzee mfugaji aliyekuwa pale akaniambia, bila mimi kumwuliza, kwamba ng'ombe wake hupenda kulisha nyuma ya tuta miezi ya kiangazi kwa sababu majani ya pale hayakauki. Nilikwenda kuangalia. Chini ya mkuyu mkubwa uliokuwa umeota kwenye mteremko wa nyuma, mahali ambapo kijiji kizima kilikuwa kikifanyia mikutano kivulini, palikuwa na unyevu wa ukubwa wa mkeka, na pembeni yake kichuguu. Taarifa za ukaguzi za miaka iliyotangulia hazikuwa na neno lolote juu ya unyevu huo. Ng'ombe walikuwa na taarifa bora.

Tuta la udongo huvuja kidogo siku zote, na hilo si kosa. Kosa ni maji yanapobeba udongo. Jaza chupa ya plastiki angavu kwa maji yanayotoka, iache ilale usiku mmoja, tazama kitako chake asubuhi: yakiwa masafi una muda, kukiwa na tope tuta linaliwa kutoka ndani, na mtaro unaoanzia nyuma unarudi kuelekea kwenye bwawa. Kisha pima kiasi. Elekeza maji kwenye bomba fupi, weka ndoo ya lita 20, hesabu kwa simu. Ndoo iliyokuwa ikijaa kwa dakika nne mwezi uliopita ikianza kujaa kwa dakika mbili, huku kina cha bwawa kikiwa kile kile, usisubiri kikao.

Na hapa ndipo kuziba kunapoua kabisa. Watu huleta udongo wa mfinyanzi na kushindilia tundu linalovuja upande wa nyuma. Maji yakinyimwa mlango huongeza shinikizo ndani ya tuta na kutafuta mlango mwingine, mpana zaidi. Kinachotakiwa ni kinyume chake: kuyaruhusu maji yatoke huku udongo ukizuiwa, kwa kulaza mchanga safi kwanza, juu yake changarawe, juu yake mawe, kila tabaka likiwa kubwa kuliko lililo chini yake. Mchanga hushika udongo, changarawe hushika mchanga, mawe hutoa uzito. Wakati huo huo punguza maji ya bwawa.

Mkuyu nao hauondolewi kwa shoka tu. Mizizi yake ikifa ardhini huoza na kuacha mabomba matupu yanayopenya tuta, hivyo mti mkubwa ukikatwa lazima mizizi mikubwa ichimbuliwe na shimo lijazwe udongo unaoshindiliwa tabaka kwa tabaka, bwawa likiwa limeshushwa. Miche midogo ing'olewe kila mwaka kabla haijawa mti wenye watetezi. Mashimo ya mhanga na ngome za mchwa zichimbwe hadi mwisho wake, si kufukiwa mdomoni.

Kisha tazama utoro wa maji, yaani njia ya kutolea maji yaliyozidi bwawani, kwa sababu tuta la udongo linaweza kustahimili mengi lakini si maji kupita juu yake. Nimeona utoro uliowekewa viroba vya mchanga ili bwawa lishike maji zaidi ya kiangazi, na mwingine uliozungushiwa matete na nyavu za kuvulia kambare. Katika hali zote mbili kijiji kilijiona kimeongeza hazina. Usiku wa kuamkia tarehe 11 Septemba 2023, mabwawa mawili yaliyo juu ya mji wa Derna nchini Libya, yaliyojengwa miaka ya 1970, yalizidiwa na mvua ya dhoruba na kuvunjika moja baada ya jingine, na maelfu ya watu wakafa. Kazi ya ukarabati ilikuwa imeanza miaka mingi kabla, ikasimama wakati wa machafuko ya 2011. Wenyeji wa Ujiji wana mfano wa asili ulio karibu zaidi: katika miaka ya 1870 Ziwa Tanganyika lilipanda, likapita juu ya kizuizi cha tope na magugu kilichokuwa kimeziba mdomo wa Mto Lukuga upande wa Kongo, likakikata, na uso wa ziwa ukashuka kwa mita kadhaa. Maji yakishaanza kutembea juu ya udongo huwa yanajichongea njia kwa kasi inayoongezeka kila dakika.

Waya na pini: nguvu iliyofichwa

Sehemu hii ni fupi kwa sababu huku kwetu madaraja ya kuning'inia ni machache, lakini minara yenye nyaya za kuvutia iko kila wilaya. Swali la kuuliza ni moja: waya huu ukikatika, nani atabeba? Daraja la Silver huko Marekani, lililojengwa 1928, lilining'inizwa kwa minyororo yenye vyuma viwili tu kwa kila kiungo. Kimoja kilipokatika tarehe 15 Desemba 1967 kwa sababu ya ufa mdogo usiofikika kwa macho, daraja zima lilishuka na watu 46 wakafa. Daraja la Morandi mjini Genoa lilivikwa zege kwenye nyaya zake ili zisipate kutu, na zege hilo likageuka pazia. Nyaya za mnara mmoja ziliimarishwa miaka ya 1990 baada ya kugunduliwa zimeliwa, za mnara uliokuja kuanguka tarehe 14 Agosti 2018 na kuua watu 43 zikabaki zilivyo.

Darubini ya Arecibo, Puerto Rico, ilikuwa kinyume: dalili ilikuwa wazi. Nyaya zilizoning'iniza jukwaa lake zilishikiliwa mwishoni kwa vikombe vilivyojazwa zinki, na baada ya kimbunga cha 2017 ilipimwa kwamba baadhi zimeteleza kutoka kwenye vikombe kwa zaidi ya sentimita moja. Waya wa kwanza ulichomoka Agosti 2020, wa pili ukakatika Novemba, na tarehe 1 Desemba jukwaa la tani 900 likaanguka. Kwenye mnara wa kwenu, chora mstari wa rangi pale waya unapoingia kwenye kishikio. Mstari ukitengana na kishikio, kuna kinachotembea.

Kufunika si kosa likifanywa na anayejua anachokifunika. Wajerumani walipoizamisha meli yao Kigoma mwaka 1916, mafundi walizipaka mashine grisi nene kwanza. Ilipoibuliwa mwaka 1924 mashine hizo ziliweza kufufuliwa, na mwaka 1927 meli ikarudi kazini kwa jina la Liemba.

Hakuna dalili, ila daftari halipo

Nimeiweka mwishoni, ingawa ndiyo ya kwanza kuitafuta nikifika mahali. Daftari likikosekana, kila mkaguzi anaanza upya, na ufa wa miaka kumi huandikwa kila mara kama ufa mpya. Andika tarehe, kina cha maji, upana wa ufa kwa milimita, kiasi cha uvujaji, kilichosafishwa, na jina la aliyesafisha. Picha ipigwe ukisimama mahali pale pale, ikiwa na rula ndani yake.

Daftari pia ndilo linaloombea fedha. Wahandisi wa zege wana kanuni ya kukadiria inayosema kwamba shilingi moja iliyokosekana kwenye ujenzi mzuri hudai tano kwenye matunzo, na ikinyimwa huko hudai 25 kwenye ukarabati, kisha 125 kwenye kujenga upya. Si kipimo cha maabara, lakini mbele ya baraza la madiwani, ikiambatana na kurasa za vipimo vya miaka mitatu, nimeiona ikisikilizwa.

Wakati wa kufunga bila kuomba ruhusa kwanza

Ufa wa mshazari unaokua kati ya asubuhi na jioni. Nguzo iliyohama kutoka kwenye mstari wa kamba. Uvujaji uliogeuka kahawia. Maji yaliyobakiza chini ya nusu mita kufika juu ya tuta huku mvua ikiendelea. Reli inayoning'inia: kwa lolote kati ya haya, weka kizuizi pande zote mbili, weka mtu wa kulinda kila upande akiwa na tochi, na kwa bwawa tuma watu kuwaamsha walio bondeni kabla hujapiga simu yoyote. Kisha piga: TANROADS kwa barabara kuu na za mkoa, TARURA kwa za wilaya, TRC kwa njia ya reli, RUWASA na bodi ya maji ya bonde kwa bwawa. Waeleze ulichokipima na saa uliyokipima. Wakikuuliza kama umejaribu kuziba, jibu hapana.